Re: Najiona kama mashine kazini, nimerogwa?

Hujarogwa mdogo wangu. Umesema unapaki chai huko Mufindi mwaka wa tatu sasa, mshahara unaingia ila ukirudi geto hata kuongea na mtu huna hamu. Hiyo kitu Karl Marx, mwanafalsafa wa Kijerumani, aliiandika akiwa Paris mwaka 1844, kijana wa miaka 26 tu, kwamba mfanyakazi anakuwa mgeni kwa kile anachozalisha, kwa kazi yenyewe, kwa utu wake na kwa wenzake.

Mimi nilipanga mbao kiwandani miaka miwili, siku nimeingia kwa fundi Mafinga naona meza kali, nikajiuliza hii mbao si imepita mikononi mwangu? Sikuweza kujua, iliniuma mpaka leo.

Kazi usiache aisee, kodi haisikii falsafa. Ila tafuta kitu unachokianza na kukimaliza mwenyewe, mi nilikodi kashamba Uyole nikaweka viazi, shina la kwanza kuchimba vimetoka saba nikamwita jirani aje aone, tukavichemsha hapohapo na chumvi. Na huyo unayesimama naye kwenye mashine, unajua kwao wapi?