Betty Nansen na ukumbi wenye jina lake

Ndugu, umeuliza kwa nini ukumbi wa tamthilia kule Frederiksberg, Denmark, unaitwa Betty Nansen. Jibu: Betty, mwigizaji wa kike, aliuendesha mwenyewe. Alizaliwa Copenhagen mwaka 1873, akavuma jukwaani hasa kwa kuigiza wanawake wa tamthilia za Ibsen, mwandishi wa Norway, wale wasiokubali kukaa kimya. Baadaye William Fox, mtayarishaji wa filamu, alimchukua Marekani kwenye sinema zisizo na sauti; mwaka 1915 akaigiza Anna Karenina, mhusika mkuu wa riwaya ya Tolstoy, katika filamu yenye jina hilo. Filamu hiyo imepotea, na inauma kweli. Ila mimi namheshimu zaidi kwa hili: mwaka 1917 alishika uliokuwa ukumbi wa Alexandra, akaupa jina lake, akawa mkurugenzi na bado anapanda jukwaani, hadi alipofariki 1943. Miaka 26 kwenye usukani!