Kwa nini waliowaona Grateful Dead mwaka 1974 husifia sauti kwanza

Mkuu, umeuliza kama sifa ambazo wazee wa Marekani huzimwaga kwa maonyesho ya Grateful Dead ya 1974 ni za kweli au ni utamu wa kukumbuka ujana. Kuhusu sauti, ni za kweli, na zina maelezo ya kifundi.

Bendi hii ya roki ilianza California mwaka 1965. Kufikia 1974 ilikuwa inapigia mitambo iliyoitwa Wall of Sound, ukuta wa spika zaidi ya 600 uliosimama nyuma ya wanamuziki. Wengi hudhani siri ilikuwa wati. Zilikuwepo, 26,000 na ushee, lakini siri kubwa ni kutenganisha. Gitaa lilikuwa na spika zake, piano zake, waimbaji zao. Spika moja ikibebeshwa besi na mwimbaji kwa pamoja, kila besi inapoisukuma koni (ile sehemu ya spika inayotikisika), sauti ya mwimbaji nayo inatikisika. Ndio ule ukungu wa kwenye kumbi za harusi, ambao watu huutibu kwa kuongeza sauti na kuharibu zaidi. Kwa besi ya Phil Lesh, mpiga besi wao, walikwenda mbali kabisa: kila uzi wa gitaa lake la besi ulipewa njia yake.

Halafu mpangilio. Safu ya spika za besi, za inchi 15, ilipanda karibu mita 10. Noti ya chini ya besi ya nyuzi nne ni hezi 41 (mitetemo 41 kwa sekunde), na wimbi lake lina urefu wa mita 8.4 hivi, yaani fupi kuliko safu. Safu ndefu namna hiyo haimwagi sauti ovyo juu na chini. Ukiwa bado karibu nayo, kila umbali unapoongezeka maradufu sauti hupungua desibeli (kipimo cha ukubwa wa sauti) 3 badala ya 6. Wa nyuma anasikia vizuri bila wa mbele kupasuliwa masikio.

Sasa, ukuta uko nyuma ya maiki. Kwa nini haukupiga mluzi, ule unaotokea maiki inaposikia spika zake yenyewe? Owsley Stanley, fundi sauti wa bendi, na wenzake walitumia maiki mbili kwa kila mwimbaji. Ukitaka kujaribu: chukua maiki mbili za aina moja kabisa, zifunge moja juu ya nyingine, vitovu vikiachana milimita 60. Moja igeuze chanya na hasi (kwenye waya wa XLR, ule wa maiki wenye pini tatu, badilisha pini 2 na 3), kisha ziunganishe kwa kiwango kilekile. Sauti ya ukuta inafika kwa zote mbili karibu sawa, inajifuta. Mwimbaji aliye sentimita 2 kutoka maiki ya juu anasikika humo kwa takriban desibeli 10 zaidi ya ile ya chini, kwa hiyo anabaki.

Inapoharibika ni hapa: akirudi nyuma sentimita 30, tofauti haifiki hata desibeli moja, naye anafutika pamoja na ukuta. Maiki zisipolingana, mluzi unarudi. Na hata ikifanya kazi, sauti ya mwimbaji huwa nyembamba. Kwa maoni yangu huo ndio udhaifu mkubwa wa mfumo mzima. Vyombo vilinufaika kuliko waimbaji.

Gharama ndiyo iliyoumaliza. Ulikuwa na uzito wa tani 75 hivi, na kwa kuwa kuufunga kulichukua muda mrefu, walizungusha majukwaa mawili: moja likipigiwa, lingine linatangulia mji unaofuata. Majaribio nayo hayakuwa na huruma. Februari 1973 pale Stanford, spika ndogo za sauti za juu ziliungua wimbo wa kwanza ulipoanza tu. Oktoba 1974, baada ya maonyesho ya ukumbi wa Winterland, San Francisco, bendi ilipumzika na ukuta ukavunjwa.

Ukitafuta rekodi za mwaka huo, usiupime ukuta kwa zile zilizochukuliwa moja kwa moja kutoka kwenye nyaya za mitambo, kabla ya spika, maana hazikupita kwenye spika wala hewani. Tafuta kanda zilizorekodiwa na watazamaji kwa maiki zao, uvae hedifoni, ufuatilie besi.