Ukitaka kupiga filamu ya kwenu, uliza kwanza maji yanakupwa lini

Filamu yangu ya kwanza, ya wakulima wa mwani, niliipangia siku nne Jambiani, kijiji cha pwani ya mashariki ya Unguja. Nikakodi kamera, nikamlipa kijana wa sauti, tukafika na kukuta pwani haina mtu. Yalikuwa maji mafu, siku ambazo bahari haikupwi mbali. Kina mama huteremka shambani siku za bamvua, bahari inapokupwa mbali, nami mtoto wa Unguja Mjini sikuuliza hata hilo. Pesa ile bado inaniuma.

Basi wewe unayeanza, usidhani kuzaliwa mahali ndiko kupajua. Niliporudi nilikwenda kwa sheha, kiongozi wa serikali wa eneo lile, nikajieleza, kisha kamera ikakaa begini siku mbili nzima. Nilikaa na kina mama wakifunga mbegu. Mbegu ya mwani ni kijitawi tu: anakipitisha kwenye kitanzi cha taitai, yaani kikamba chembamba, anavuta, anasogea shubiri moja kwenye kamba, anafunga kingine, na macho yake muda wote yako kwa mtoto anayecheza pembeni. Hapo ndipo nilipoiona filamu yangu. Kilimo hiki kilianza Unguja mwaka 1989, na wapo waliojenga nyumba na kusomesha watoto kwa kufunga vile vile.

Lugha nayo iheshimu. Kila nilipowasha kinasa sauti, bibi mmoja alianza kusema Kiswahili cha redioni. Nikamwomba azungumze na mwenzake, asinijali mimi, na maneno yakaja yenyewe kwa lafudhi ya kwao. Ousmane Sembène wa Senegal alikuwa keshaandika riwaya kwa Kifaransa. Alipoona watu wake wengi hawamsomi, akageukia sinema, na mwaka 1968 akatoa Mandabi kwa Kiwolof.

Kuhusu riziki, piga video za harusi bila kuona haya. Ndizo zilizolipia safari zangu zote.

Ukimaliza kuhariri, usikimbilie tamasha, hata liwe ZIFF, tamasha la kimataifa la filamu la Zanzibar. Ipeleke kijijini kwanza. Nilitundika shuka jeupe ukutani usiku, kina mama wakacheka, wakaitana majina. Mwisho yule bibi akanishika mkono: “Mwanangu, humu nalalamika bei tu. Siku ninayovuna hukuiona?”

Niliiona, na picha zake nilikuwa nimezikata. Nilirudi mjini nikazirudisha, dakika mbili nzima, na toleo hilo ndilo ninaloonesha mpaka leo.