Maswali na majibu: Soseji za bia kwenye jiko la mkaa

Tangu niandike mistari michache kuhusu soseji zinazochemshwa kwenye bia kabla ya kupanda wavuni, maswali yamemiminika kuliko hata nilipoandika juu ya pilau. Nimechagua saba. Kama swali lako hulioni, soma hadi chini, huenda jibu lako limo ndani ya jibu la mwenzako.

Shikamoo Mama. Nililoweka soseji kwenye bia usiku kucha, ndani ya friji. Kesho yake nikazichoma, zikapasuka karibu zote, na ladha ya bia sikuisikia. Nimekosea wapi?
Msomaji wa Tabata, Dar es Salaam

Marahaba, mwanangu. Umeifanyia soseji yale tunayoufanyia mshikaki. Mshikaki ni nyama iliyokatwa, viungo vinaingia kila upande. Soseji imevaa ngozi, iwe ya utumbo au ile ya kiwandani, na bia ikikaa nje yake usiku mzima inapenya kidogo sana. Wakati huohuo chumvi iliyomo ndani inaanza kutoka. Asubuhi unatoa soseji iliyopooza, ngozi imelainika. Ukiiweka juu ya moto mkali ngozi inasinyaa, maji ya ndani yanageuka mvuke, na mvuke unatafuta pa kutokea. Ndipo inapasuka, mafuta yote yanaishia kwenye mkaa.

Bia inafanya kazi ikiwa ya moto. Kwa soseji nene mbichi kumi, chukua chupa mbili za mililita 500. Kaanga vitunguu maji viwili kwa kijiko cha siagi mpaka vilegee, tia pilipili manga na chumvi kiasi, kisha mimina bia pembeni mwa sufuria taratibu. Povu litapanda; lisubiri litulie. Ndipo uziingize soseji, bia ikiwa bado haijachemka, vipate moto pamoja.

Hapo ukae jikoni, usiende popote. Unachotafuta ni vipovu vidogo vinavyopanda kandokando ya sufuria, kama chai ya maziwa inapokaribia kupanda. Ikianza kutokota kwa kishindo, punguza moto au sogeza sufuria kando, kwa sababu kutokota ndiko kunakopasua. Soseji itaacha rangi ya waridi na kuwa ya kijivu isiyovutia, usiogope. Baada ya dakika 15 hadi 20 ibonyeze kwa koleo: ikiwa imekaza na inarudi, itoe, ikaushe kwa kitambaa safi, ipeleke wavuni. Wavuni haikai zaidi ya dakika nane hivi, ukiigeuza mara kwa mara, kwa kuwa kazi iliyobaki ni rangi tu na harufu ya moshi.

Na tafadhali, usitoboe kwa uma. Najua wengi tumekuzwa tukiona soseji ikitobolewa "ipumue". Kila tundu ni mlango wa mafuta na maji yake, yaani utamu wenyewe.

Mama, mimi niko Milwaukee, mwaka wa sita sasa. Majirani zangu wawili wamegombana mbele yangu: mmoja anasema soseji zianze kwenye bia, mwingine anasema zianze kwenye moto, bia baadaye. Nani yuko sahihi?
Msomaji wa Wisconsin, Marekani

Umefika kwenye nchi yenyewe ya jambo hili! Wahamiaji wa Kijerumani ndio walioingia Wisconsin na bratwurst yao, soseji nene, mara nyingi ya nguruwe, na ndio walioeneza viwanda vya bia katika jimbo hilo, Milwaukee ikiwa mbele. Nyama na bia vikakutana kwenye jiko moja. Kaskazini yako, ufukweni mwa ziwa Michigan, kuna mji wa Sheboygan, na wenyeji wake wana sherehe ya bratwurst iliyoanza mwaka 1953. Kuchoma soseji wao hukuita "brat fry", kana kwamba wanakaanga, ingawa jiko ni la mkaa na kikaango hakipo.

Sasa ugomvi. Watu wa Sheboygan walioshika mila huweka soseji mbichi moja kwa moja juu ya mkaa, moto wa wastani, wakizigeuza kwa subira mpaka ziive. Bia huja mwisho: sufuria ya bia, siagi na vitunguu inakaa pembeni ya wavu ikiwa ya uvuguvugu mkali, na soseji zilizoiva zinatumbukizwa humo zisipoe wala kukauka wakati wageni bado wanafika. Sehemu nyingine za jimbo huanza na bia, kama nilivyomweleza mwenzako wa Tabata.

Mimi kwa ladha nawapa Sheboygan. Soseji iliyoivia kwenye mkaa tangu mwanzo ina moshi ndani yake, na ngozi inakuwa na ule mlio unapoing'ata. Lakini inadai mtu asiyeondoka jikoni na anayejua kuutuliza moto. Anayeanza, au mwenye wageni thelathini na wavu mmoja, aanze na bia. Waambie majirani zako wapike siku moja, kila mmoja kwa njia yake, nawe uonje zote mbili.

Nikitumia bia nyeusi inafaa? Na hapa kwetu tuna mbege, je, haiwezi kuchukua nafasi ya bia?
Msomaji wa Moshi

Bia yoyote isiyo chungu sana inafaa. Ule uchungu unatokana na hopsi, maua yanayotiwa kwenye bia, na hauondoki jikoni: kadiri bia inavyopungua kwenye sufuria ndivyo uchungu unavyokolea. Bia nyepesi ya kawaida inakwenda salama. Nyeusi ni tamu kwa soseji za ng'ombe, ila usiiache ikaukie, na kijiko cha sukari guru au asali kitaisaidia.

Mbege nimeijaribu, nikaipenda. Uchachu wake wa ndizi unakata mafuta ya nguruwe vizuri kabisa. Ila kumbuka ina kimea cha ulezi, na zile chembe zikishikamana na ngozi zinaungua wavuni kabla soseji haijapata rangi. Ichuje kwa kitambaa mara mbili, halafu futa soseji vizuri kabla ya kuchoma. Onja kwanza mbege yenyewe. Iliyotiwa gome la msesewe kwa wingi ina uchungu wa namna ileile ya hopsi, kwa hiyo chukua ambayo bado ni tamu.

Hujambo dada. Smokies zinaweza kupikwa hivyo?
Msomaji wa Nairobi

Sijambo. Smokies zimeshaiva na kutiwa moshi kiwandani, hazihitaji dakika 20 za sufuria. Zipashe dakika tano kwenye bia yenye vitunguu, kisha moto mkali kidogo, basi. Njia ndefu ni ya soseji mbichi. Ukinunua, soma pakiti au muulize muuzaji, kwa sababu kwa macho zinaweza kufanana.

Assalamu aleikum. Nina marafiki Wakristo ambao hunialika wakichoma nyama. Wananiambia pombe huisha yote ikipikwa, kwa hiyo nile tu. Ni kweli?
Msomaji wa Mombasa

Waaleikumu salaam, ndugu yangu. Si kweli, na nashukuru umeuliza kabla ya kula. Ni kweli kwamba pombe huchemka kwenye nyuzi 78 za Selsiasi, mapema kuliko maji. Lakini imechanganyika na maji, hivyo haiondoki yote kwa mkupuo. Jedwali za Wizara ya Kilimo ya Marekani zinaonyesha kwamba chakula kikichemshwa kwa moto mdogo na pombe ndani yake, baada ya dakika 15 bado imebaki kama asilimia 40, baada ya dakika 30 asilimia 35, na hata baada ya saa mbili na nusu bado ipo asilimia 5. Soseji zetu zinakaa kwenye bia dakika 20. Inayoingia ndani ya nyama ni kidogo, lakini kidogo si sawa na hakuna, na uamuzi ni wa dini yako, si wa mwenye jiko.

Kwenu ninyi mnaoalika: mwambieni mgeni ukweli. Tengeni sufuria nyingine, wavu mwingine na koleo lingine. Soseji za mgeni ziwe halali, ngozi yake pia, maana soseji ya kuku inaweza kuwa imevikwa utumbo wa nguruwe. Mchuzi wake nawapa: maji ya ukwaju mazito kiasi, kitunguu saumu, tangawizi iliyopondwa, pilipili manga na supu ya kuku. Pasheni soseji humo kwa moto uleule mdogo. Nimewaona wanywa bia wakiziacha zao wakaja kwenye sufuria ya ukwaju.

Zangu zinakuwa nyeusi nje na mbichi ndani. Nikipunguza mkaa, moto unakufa. Nifanyeje?
Msomaji wa Mwanza

Usipunguze mkaa, usogeze. Subiri mkaa uvae majivu meupe, kisha usukume wote upande mmoja wa jiko, upande wa pili ubaki mtupu. Sasa una sehemu mbili: ya kutia rangi na ya kuivisha. Weka kiganja juu ya wavu upande wa moto. Ukiweza kuhesabu hadi nne au tano kabla joto halijakufukuza, umefika mahali pazuri. Ukishindwa hata kufika mbili, ngoja kidogo. Mafuta yakidondoka na ndimi za moto zikapanda, hamishia soseji upande mtupu, funika kama jiko lina mfuniko. Usimwage maji. Maji yakikutana na mafuta ya moto yanarusha mafuta na majivu, hata usoni pako.

Kuhusu mbichi ndani, hapa nasema kwa uchungu. Pasaka moja nilimpakulia mgeni soseji yenye rangi ya dhahabu, akaikata, katikati ikawa ya waridi na baridi. Nyama nzima ina vijidudu vyake juu, moto unaviua haraka. Nyama ya kusaga imechanganywa, cha juu kimeingia katikati. Tangu siku hiyo nina kipimajoto cha nyama, kile chenye sindano. Kiingize kwenye ncha ya soseji kuelekea katikati, soseji moja ya majaribio inatosha. Ya ng'ombe au nguruwe ifike nyuzi 71, ya kuku 74. Na soseji mbichi zisikae mezani. Saa mbili ni mwisho, na jua la Mwanza likipita nyuzi 32, saa moja tu.

Mume wangu amesikia kwamba bia inazuia saratani ya nyama choma. Sasa kila Jumamosi ni bia na soseji. Niseme nini?
Msomaji wa Dodoma

Mwambie kuna ukweli kidogo, nawe umpe wote. Mwaka 2014 watafiti wa Ureno walichapisha kazi yao: waliloweka nyama ya nguruwe kwenye bia kwa saa nne, wakaichoma kwa mkaa. Iliyolowekwa kwenye bia nyeusi ilikuwa na kemikali za moshi zinazohusishwa na saratani pungufu kwa zaidi ya nusu, asilimia 53. Bia nyepesi ya kawaida ilipunguza asilimia 13 tu. Lakini ile ilikuwa nyama, haikuwa soseji yenye ngozi, na walipima kemikali zilizomo kwenye nyama, hawakupima wagonjwa.

Mwaka 2015 Shirika la Afya Duniani, kupitia taasisi yake ya utafiti wa saratani, liliweka nyama za kusindikwa kwenye kundi la vitu vinavyosababisha saratani kwa binadamu. Gramu 50 kila siku, karibu soseji moja, zinaongeza hatari ya saratani ya utumbo mpana kwa asilimia 18. Kwa hiyo, dada, Jumamosi moja kwa mwezi, soseji mbili kwa mtu, sahani ijae kachumbari na ndizi za kuchoma, na ile sehemu iliyoungua ikwanguliwe.

Nimalizie na bia iliyobaki kwenye sufuria, maana mmoja wenu aliuliza kama anaweza kuihifadhi kwa wiki ijayo. Hapana, soseji mbichi zimelala humo. Ila vitunguu usivitupe. Rudisha sufuria motoni, acha ichemke sasa kwa nguvu zote mpaka vitunguu vibaki na mchuzi mzito wa rangi ya kahawia, tia kijiko cha haradali, na uvimwage juu ya soseji zikiwa bado zinachuruzika.