Urvashi alimwacha mfalme kwa kosa gani?

SWALI: Shikamoo Bibi. Nimesoma kisa cha Wahindu cha mfalme Pururavas na Urvashi, yule apsara, yaani binti wa mbinguni. Walipendana wakaishi pamoja, kisha usiku mmoja mke akamwona mumewe uchi, akatoweka. Bibi, uchi wa mume kwa mkewe ni kosa? Halafu rafiki yangu anashikilia kwamba walirudiana, na mimi niliposoma sikuona hivyo. Nani mkweli kati yetu?

JIBU: Marahaba, mwanangu. Nimefundisha fasihi maisha yangu yote, na kila nilipofika kwenye kisa hiki darasa lilicheka hapo hapo ulipoulizia wewe.

Tuanze na masharti. Yamo katika Shatapatha Brahmana, kitabu cha ibada za Veda, maandiko matakatifu ya kale ya Wahindu. Urvashi alipokubali kuolewa alimwambia mfalme asimwingilie asipotaka mwenyewe, na asijionyeshe mbele yake akiwa uchi. Hilo la kwanza watu hulipita kama hawakuliona. Maandishi hayo yana zaidi ya miaka 2,500, nami nililisoma mara mbili kuhakikisha macho hayanidanganyi.

Basi wakakaa sana, hata Urvashi akashika mimba. Magandharva, waimbaji wa mbinguni, wakaanza kunung'unika kwamba mwenzao amezidi kukaa kwa binadamu. Urvashi alikuwa na kondoo jike mwenye wana wawili, amewafunga kitandani pake. Usiku Magandharva wakaiba mwanakondoo mmoja. Mke akalia kwamba wanamnyang'anya kipenzi chake kana kwamba hapa hamna shujaa wala mwanamume. Wakaiba wa pili. Akalia vilevile.

Sasa niambie, mume gani angebaki amelala? Pururavas aliona kutafuta nguo ni kuchelewa, akaruka alivyo. Hicho ndicho walichokuwa wakingojea: wakapiga umeme, chumba kikawa kama mchana, Urvashi akaona. Kwa hiyo hukumu yangu ni kwamba uchi ulikuwa kisingizio tu. Mtego ulitegwa na wakwe, na chambo kilikuwa kilio cha mke mwenyewe. Kama Urvashi alijua au hakujua, hapo ndipo darasa langu lilipokuwa likigawanyika, wavulana huku, wasichana kule.

Kuhusu kurudiana, wewe na rafiki yako mmesoma vitabu tofauti. Kisa cha kale kabisa kimo katika Rigveda, mkusanyo wa nyimbo takatifu za Veda, kitabu cha 10, wimbo wa 95, beti 18 za majibizano. Mwanamume anasihi, mwanamke anamjibu kwamba yeye hashikiki kama upepo. Mfalme anatishia kujitupa aliwe na mbwa mwitu. Urvashi anamwambia asife, maana urafiki na wanawake haupo, mioyo yao ni ya fisi. Anayesema hivyo ni mwanamke, tena akitaka kumwokoa huyo anayemwambia! Mimi nasikia huruma iliyovaa ukali.

Rafiki yako bila shaka amesoma Kalidasa, mshairi wa kale wa India, aliyeandika tamthilia ya Kisanskriti yenye matendo matano juu ya wawili hawa. Humo Urvashi anageuka mmea utambaao msituni, mfalme anazunguka kama mwendawazimu akiwauliza wanyama na ndege kama wamemwona, na mwishoni Indra, mfalme wa miungu, anaruhusu wakae pamoja maisha yote ya mfalme. Ni tamu, ila mimi hainikai rohoni.

Kinachonikaa ni Shatapatha, kwa sababu ya neno moja. Usiku ule wa kondoo Pururavas alisema, "Ninarudi," akakuta mke hayupo. Baada ya kutangatanga katika nchi ya Kurukshetra alimkuta ziwani akiogelea na wenzake kwa umbo la ndege wa majini. Alimsihi, akapewa usiku mmoja tu, wa mwisho wa mwaka, na mwana wao akazaliwa. Magandharva wakampa moto katika chungu autumie ibadani apate kuwa mmoja wao. Akauacha msituni ampeleke mtoto kijijini kwanza, akasema tena neno lile lile: "Ninarudi." Aliporudi moto ulikuwa umetoweka. Mahali pake palikuwa na mti wa ashvattha, wa jamii ya mtini, na chungu kimegeuka mti wa shami.

Akaambiwa akate vijiti vya ashvattha, cha chini na cha juu, apekeche moto mwenyewe. Mpaka leo katika ibada ya Veda kijiti cha chini huitwa Urvashi na cha juu Pururavas. Moto ule ndio uliomfanya Gandharva, akapata ruhusa ya kuishi kule alikokwenda mkewe. Alipofika alipokewaje, kitabu hakisemi. Kinageukia mara moja maelezo ya kuni.