Maswali na majibu: kuongoza video za muziki na vipindi vya runinga

Nilishuti msanii kwa mwendo wa polepole, lakini midomo haiendani na wimbo. Nilikosea wapi? (Msomaji, Jinja)

Kosa lilifanyika kabla kamera haijawaka. Ukirekodi fremu (picha moja moja zinazounda video) 50 kwa sekunde kisha ukazicheza 25, kila tendo linachukua muda maradufu. Kwa hiyo pale mnaposhuti, wimbo unatakiwa upigwe kwa kasi ya 200%, na msanii auimbe kwa kasi hiyo hiyo: ubeti wa sekunde 16 aumalize kwa 8. Ni kazi ngumu, hasa kwa Kiganda chenye maneno marefu. Asiyezoea humeza silabi, na mtazamaji wa Kampala ataliona hilo mara moja. Mpe nakala ya kasi siku tatu kabla, aimbe nayo nyumbani.

Kamera nyingi hazirekodi sauti zikiwa kwenye hali hiyo. Kila mnapoanza, weka mbele ya lenzi simu inayoonyesha dakika na sekunde za wimbo, ndipo mhariri ajue klipu inaangukia wapi. Spika ikae karibu na msanii. Mkishuti kwa kasi ya kawaida na kamera iko mita 34 kutoka kwenye spika, sauti inaifikia ikiwa imechelewa sehemu moja ya kumi ya sekunde, yaani fremu mbili na nusu. Hapo usiamini masikio ya kamera. Tafuta b, p na m kwenye maneno, kwa sababu midomo lazima ifunge kabisa kwenye herufi hizo, na upangilie picha kwa kuzifuata.

Taa za klabu zinaacha mistari inayopanda na kushuka kwenye picha. Kamera imeharibika? (Msomaji, Kabalagala)

Kamera ni nzima. Umeme wa Uganda ni wa hezi 50, na taa nyingi zinazoutumia hupepesa mara 100 kwa sekunde. Weka fremu 25 na shata (muda ambao kila fremu inapokea mwanga) ya sekunde 1/50. Ukishuti fremu 50, tumia 1/100. Mistari ikibaki, mara nyingi ni taa za LED za bei nafuu zilizopunguzwa mwanga: ziwashe hadi mwisho, kisha punguza mwanga kwa kitambaa au kwa kichujio cha lenzi.

Uso wa msanii unatoka na macho meusi tukishuti saa sita mchana. (Msomaji, Masaka)

Tuko kwenye ikweta. Saa hizo jua liko utosini na nyusi zinatia kivuli machoni. Picha za karibu zimalizwe kati ya saa moja na saa tatu na nusu asubuhi, au zianze saa kumi. Mchana shuti ndani, au chini ya mwembe huku ubao mweupe ukirudisha mwanga usoni. Na usichelewe jioni, maana huku giza huingia kwa haraka.

Nina miaka minne kwenye video za muziki. Runinga itanidai nini kipya? (Msomaji, Mbale)

Kuamua papo hapo. Kwenye video ya muziki unaweza kuahirisha uamuzi hadi kwenye uhariri, lakini studio ya moja kwa moja haikupi nafasi hiyo. Unakaa mbele ya skrini za kamera tatu na kuonya kabla ya kukata, yaani kuhamia kamera nyingine: "Kamera mbili, tayari… mbili!" Usipoonya, unamkata mpiga kamera akiwa bado anatafuta fokasi, na nchi nzima inaona. Anza kwa kuomba nafasi ya kuendesha kamera au kusimamia ukumbi wa studio. Huko ndiko sikio linazoea amri. Tazama pia video zako mwenyewe: zirekodiwe fremu 25, na maandishi yasikaribie kingo za skrini. Tengeneza na toleo safi, lisilo na matusi wala picha chafu, kwa sababu vituo vinabanwa na viwango vya chini vya utangazaji vilivyo kwenye Sheria ya Mawasiliano ya 2013.

Msanii anasema video ni yake kwa kuwa amelipa. Ni kweli? (Msomaji, Arua)

Kama hamkuandikiana, ana hoja nzito. Sheria ya Hakimiliki ya 2006 inasema kazi iliyoagizwa ni mali ya aliyeiagiza, isipokuwa mkataba useme vingine. Hili linawaumiza madairekta wengi vijana, ilhali karatasi mbili zingetosha. Andika nani anamiliki picha ghafi, una haki gani ya kuionyesha kazi kama sampuli, na marekebisho ni mangapi (mawili yanatosha). Chukua nusu ya malipo kabla ya siku ya kushuti. Faili la mwisho litoke baada ya kumaliziwa malipo. Kabla ya hapo, mpe nakala ndogo yenye jina lako katikati ya picha.

Droni nayo? (Msomaji, Entebbe)

Uko karibu na uwanja wa ndege, ndugu. Usiirushe bila idhini ya UCAA (mamlaka ya usafiri wa anga ya Uganda) na kibali cha usalama, hata kwa picha ya sekunde tano.