Tapi ya chumba cha kulala: pima kitanda, si matela

Barua tatu za mwezi huu zinauliza jambo moja: tapi ya ukubwa gani? Tumezijibu pamoja, kila moja na chumba chake.

Swali. Chumba chetu kina meta 3 na nusu kwa meta 3, chini ni karo. Kitanda ni cha matela ya 160 kwa 200. Muuzaji wa Birere ananisukumia tapi ya 160 kwa 230, eti inalingana na kitanda. Nichukue? – *Mama wa Himbi, Goma*

Jibu. Usichukue, mama. Kulingana na kitanda ndiyo kasoro yenyewe. Matela ya 160 inakaa ndani ya mbao. Ukipima kutoka ubao wa nje hadi wa nje utapata karibu sm 170 kwa 210. Ukitandika tapi hiyo kwa urefu, upana wake wa 160 unamezwa wote chini ya kitanda, na asubuhi miguu inatua kwenye karo kana kwamba hukununua kitu. Ukiigeuza ikae kwa mapana, 230 toa 170 inabaki 60, yaani sm 30 kila upande. Mtu anayeshuka kitandani hakanyagi ukingoni kabisa, anakanyaga mbele kidogo: kisigino kitakuwa juu ya tapi, vidole nje.

Sisi tunahesabu hivi: upana wa kitanda pamoja na mbao zake, ongeza sm 60 kila upande. Kwako ni 170 na 120, jumla 290. Kwa hiyo tafuta ya 200 kwa 290 au 200 kwa 300, na uitandike kwa mapana, ile 300 ikipita chini ya kitanda kutoka kushoto kwenda kulia.

Kichwa cha kitanda kiegemee ukuta wa meta 3 na nusu. Anza tapi sm 70 kutoka ukuta huo, ili vimeza vya pembeni vikae kwenye karo na visiyumbe. Sm 140 zitaingia chini ya kitanda, sm 60 zitatokeza miguuni, na kabla ya ukuta wa mbele zitabaki sm 30 za karo tupu. Kando utapata sm 65 za kukanyaga na sm 25 hadi ukutani. Hizo karo tupu pembezoni usizionee uchungu. Tapi iliyobanwa ukutani inajikunja, tena fagio halina pa kupita.

Kabla ya kutoa pesa, chora umbo lake sakafuni kwa chaki, au tandaza magazeti ya ukubwa huo, kisha fungua mlango na kabati. Mlango ndio unaoharibu mahesabu ya wengi. Ukifunguka kwa ndani na kupita juu ya tapi, pima uwazi ulio chini yake: uwazi wa sm 1 na nusu unaipitisha tapi fupi ya sm 1, lakini yenye manyoya marefu ya sm 3 itakokotwa kila siku mpaka ukingo uchanike. Mlango ukigusa, fundi mbao anaweza kuupiga randa chini, au wewe usogeze tapi.

Sokoni nenda na meta yako. Tapi nyingi hupungua sm kadhaa kuliko lebo. Lebo ikiwa kwa futi, zidisha kwa 30 na nusu: 5 kwa 8 ni kama 152 kwa 244, ndogo kwako, 8 kwa 10 ni 244 kwa 305. Upana wa 305 unafaa, ila hiyo 244 kwako ingeanzia sm 26 tu kutoka ukuta wa kichwa, na vimeza vingekaa nusu juu nusu chini.

Neno moja la Goma: vumbi jeusi la volkano linaingia hata madirisha yakifungwa, na ya 200 kwa 300 ina meta za mraba 6 za kufua. Kama maji mnanunua kwa bidoni, tapi mbili ndogo za 70 kwa 140, moja kila upande, ni akili zaidi kuliko moja kubwa. Hazipendezi vilevile, tunakubali. Lakini moja inafuliwa huku nyingine ikiwa kazini.

Swali. Tunakaa Kadutu, nyumba imechimbwa mlimani, chini ni simenti. Nataka kufunika chumba chote, ukuta kwa ukuta. Nikate upana gani? – *Baba wa watoto wanne, Bukavu*

Jibu. Baba, weka mkasi chini kwanza. Ukuta uliolalia udongo wa mlima hupitisha maji, na simenti iliyomwagwa bila plastiki chini yake huyanyonya. Kata plastiki nzito ya sm 50 kwa 50, ibandike sakafuni karibu na ukuta huo, ukifunga pande zote nne kwa skochi, na uiache usiku na mchana. Fanya hivyo wakati wa mvua. Jibu la Julai linadanganya. Ukikuta matone chini ya plastiki, au simenti imekuwa nyeusi pale tu, unyevu unapanda.

Hapo ukuta kwa ukuta haifai. Yenye mpira mgongoni ni mbaya zaidi: maji yanakwama kati ya mpira na simenti, ukungu unaota, na mwaka ukipita mgongo unabaki umegandamana sakafuni. Chukua isiyo na mpira, ya nyuzi za plastiki zilizofumwa, kwa sababu nyuzi hizo hazinywi maji. Iishie sm 40 kabla ya ukuta wa mlimani, na iwe ya ukubwa ambao watu wawili wanaweza kuinua na kuianika: 160 kwa 230, si zaidi. Kitanda cha 140 chenye mbao za 150 kitaachiwa sm 40 kila upande. Ni kidogo kuliko tunavyopenda, lakini kwenye sakafu mbichi tapi inayoinuka ni bora.

Swali. Watoto wawili, vitanda viwili vya 90, katikati meta 1. Juni na Julai karo zina baridi kali. – *Mama wa Kamalondo, Lubumbashi*

Jibu. Pima kati ya mbao na mbao, si kati ya matela na matela. Ikiwa kweli ni meta 1, chukua 80 kwa 150: sm 10 zinabaki kila upande, ukingo haupandi miguu ya vitanda. Kwa watoto wanaoruka, weka chini yake wavu wa mpira wa kuzuia kuteleza, uliokatwa sm 3 pungufu kila upande usichungulie. Na chandarua kichomekwe chini ya matela. Kikiburuzwa juu ya tapi kinazoa vumbi lote na kulipeleka kitandani.